Mahali Ambapo Devota Hakupika

Tangu walipomzika dada yake, Anastazia alikuwa na hamu isiyomtoka. Ilikuwa hamu ya chakula, kama ile ya mwanamke mwenye mimba changa, na yeye umri wa mambo hayo ulikuwa umempita kitambo. Alitamani mseto wa choroko: mchele na choroko vilivyopikwa pamoja kwa tui la nazi mpaka vikalainika, chumvi kidogo, basi. Hamu ilimkamata akiwa kwenye cherehani, mguu juu ya pedeli na kitambaa cha mtu mkononi. Ilimkamata kanisani wakati wa mahubiri. Alinunua choroko sokoni Kilosa, akakuna nazi, akapika, akaketi mezani peke yake. Akishakula vijiko viwili vitatu alisukuma sahani pembeni. Chakula kilikuwa kizuri, ila hakikuwa kile alichokuwa akikitamani.

Dada yake aliitwa Devota. Walizaliwa Kimamba, kwa wazazi waliotoka Songea kuja kukata mkonge, na kwa kuwa mama yao alikuwa shambani tangu alfajiri, Devota ndiye aliyekuwa mama wa nyumba angali msichana mdogo. Ndivyo Anastazia alivyomkumbuka: amechuchumaa kwenye mafiga, mkono mmoja umeshika mwiko, mwingine umeshika kitabu alichoazima kwa mwalimu, na mseto unatokota. Baadaye Devota alisomea ualimu, akafundisha Kiswahili katika sekondari moja ya Kilosa, akaolewa na Optatus aliyekuwa fundi wa reli, akazaa, akalea. Katikati ya yote hayo akaandika. Aliandika vitabu vitatu vya hadithi za watoto na riwaya moja, ya binti wa karani wa stesheni anayeondoka kwao asubuhi bila kumuaga mtu. Riwaya hiyo ilichapwa Dar es Salaam, ikauzwa kidogo, ikaisha, na haikuchapwa tena.

Siku ya mazishi wasifu wa marehemu ulisomwa na ndugu mmoja wa Optatus, mtu mwenye sauti nzuri. Alisoma habari za kuzaliwa, shule, ndoa na watoto. Kisha akaacha karatasi na kusimulia kwa moyo jinsi Devota alivyosimamia jiko kwenye harusi za mtaa mzima, jinsi pilau yake ilivyosifiwa mpaka Ruaha na Ruhembe, na jinsi ambavyo mgeni hakuwahi kutoka kwake na njaa. Watu walitikisa vichwa kukubali, wengine wakalia, maana yote yalikuwa kweli. Mwishoni kabisa, kabla ya kutaja ugonjwa, alisema kwamba marehemu alikuwa pia na kipaji cha kuandika. Anastazia, aliyekuwa ameketi mkekani na wanawake wenzake, alisubiri aendelee. Msomaji akaingia kwenye ugonjwa.

Anastazia hakuinuka kuongeza neno siku ile. Angesema nini? Alikuwa fundi cherehani, darasa la saba, mtu wa kupima viuno vya watu na kuhesabu vifungo. Lakini kila alichoandika Devota yeye ndiye aliyekisikia kwanza. Devota alikuwa akija kibandani kwake jioni, anaketi juu ya marobota ya vitambaa na kumsomea huku cherehani ikiunguruma, na Anastazia akinyamazisha cherehani Devota alijua kwamba hapo maneno yamemwingia. Sasa jioni hakuna aliyeketi juu ya marobota, na cherehani iliunguruma bila mtu wa kuinyamazishia.

Masika yaliyofuata, mkuu wa shule aliyokuwa akifundisha Devota aliwaita wanafamilia. Jina lake Mwalimu Gabrieli, kijana bado kwa cheo kile, na aliwaamkia wote shikamoo kabla ya kuwapa viti. Akawaambia kwamba shule imepata chumba cha kusomea, na walimu wameona kiitwe jina la Devota. Alihitaji picha yake ya kutundika ukutani na maneno machache ya kuandika chini ya picha.

Optatus alikuja na picha siku ya pili. Devota alikuwa amesimama nyuma ya sufuria kubwa la harusi, khanga kiunoni, jasho usoni, ameshika mwiko mrefu kama mpini wa jembe. Alikuwa anacheka. Ilikuwa picha nzuri, hakuna aliyeweza kukataa. Na maneno alikuwa ameyaandaa tayari: Mama, mlezi, mpishi hodari, mwandishi.

Anastazia aliisogeza picha karibu, akaitazama, akairudisha.

"Shemeji, pale ni mahali pa kusomea vitabu," alisema. "Watoto watadhani ni jikoni."

Optatus hakukasirika. Alikuwa amekonda mwaka ule mpaka kola za mashati zikamkaa mbali na shingo. Binti zake wakimletea chakula, alikula kwa adabu na kufunika kilichobaki.

"Tafuta nyingine basi," alisema. "Mimi sina. Mimi huyu ndiye ninayemjua."

Anastazia akatafuta. Alipekua albamu za ndugu, akapanda bodaboda mpaka Kimamba kwa mama yao mdogo, akawaomba wapwa zake wakague simu zao. Devota alikuwemo kwenye picha nyingi kuliko alivyotarajia: ubatizo, komunyo, mahafali, harusi za watu wasiojulikana tena. Katika zote alikuwa amebeba kitu, ama sinia, ama mtoto wa mtu, ama jagi la maji ya kunawa. Ipo moja tu ambayo alikuwa ameshika kalamu, na alipoitazama vizuri akaona kwamba dada yake alikuwa akisaini cheti cha ndoa ya mwingine, kama shahidi.

Hapo ndipo alipoikumbuka Mikumi.

Kila Desemba, shule zikishafungwa, Devota alikuwa akienda Mikumi kwa wiki moja, kwa rafiki yake wa chuo cha ualimu aliyeitwa Ziada. Akiulizwa anakwenda kufanya nini, alijibu kwamba anakwenda kujitunza. Neno hilo liliwakera watu. Mwanamke ana mume, ana watoto, Krismasi iko mlangoni, anakwenda kujitunza na nini? Wapo waliosema ana mtu wake huko. Optatus aliyasikia, na jibu lake lilikuwa kuubeba mfuko wa mkewe begani mchana kweupe mpaka stendi, ili kila mtu amwone. Lakini yeye mwenyewe hakuwahi kuuliza huko kuna nini, na Anastazia vilevile.

Anastazia alifika Mikumi saa za adhuhuri. Malori ya Tunduma yalikuwa yamepangana kando ya barabara kuu, harufu ya breki na nyama choma imechanganyika, na nyani wawili walikuwa juu ya paa la kioski wakigombea ganda la ndizi. Nyumba ya Ziada ilikuwa nyuma kidogo ya barabara, na uani ilikuwa na vyumba vinne vya kulaza wageni. Ziada mwenyewe alikuwa mwanamke mrefu, mkavu, mwenye mwendo wa pole, mtandio wake mweupe umefungwa vizuri. Anastazia alimwamkia shikamoo dada. Ziada aliitikia marahaba, kisha akabaki amemshika mkono.

"Unatembea kama yeye," alisema. "Nilipokuona getini nimeshtuka."

Walipokwisha kupeana pole, Anastazia alieleza shida yake. Ziada akasema picha hakuna. Simu yake ilikuwa ya batani, na hata wageni wenye simu kubwa Devota aliwakataza. Alipokuwa hapa hakutaka kuonekana. Nywele alizifumua siku ya kwanza na hakuzisuka mpaka siku ya kuondoka. Alishinda na khanga na fulana iliyopauka. Alilala mpaka jua lipande, akanywa chai kitandani, akajipaka mafuta ya nazi miguuni taratibu, kidole kimoja kimoja, kama mtu anayemhudumia mtoto. Alasiri ndipo aliketi barazani kwenye meza ndogo, malori yakipita, akaandika mpaka giza linapoingia. Riwaya yote iliandikwa pale, Desemba kwa Desemba, kwa miaka mingi.

"Na alikupikia ile pilau yake?" Anastazia aliuliza, kwa sababu hakujua aulize nini kingine.

Ziada alikataa kwa kichwa.

"Hapa Devota hakupika. Hata chai hakunitengea. Mwaka wa kwanza kabisa alipoingia jikoni, nilidhani amekuja kunisaidia. Akasimama mlangoni akaniambia, Ziada, mimi hapa sipiki, naomba unisamehe. Akaniambia hapendi kupika. Hajawahi kupenda."

Anastazia aliona mbele ya macho yake masufuria yote yale, harusi zote zile, yule mwanamke anayecheka katikati ya mvuke. Hakuona uongo katika kicheko kile. Lakini aliona pia kwamba hakuna hata mtu mmoja aliyewahi kumuuliza Devota kama anapenda, yeye akiwemo.

Kilichomuuma zaidi ni kingine, na alipokuwa amekunywa maji alikisema. Alisema dada yake alikuwa na mahali pa kupumzikia miaka yote hiyo, na yeye, ndugu yake wa tumbo moja, hakualikwa hata mara moja.

"Mdogo wangu, alikualika," Ziada alisema. "Kila mwaka alinieleza. Anafika hapa anaweka mfuko chini, ananiambia, nimemwomba tena Anastazia, amesema ana nguo za watu."

Ilikuwa kweli. Ilimrudia yote, mwaka mmoja juu ya mwingine: Devota mlangoni pa kibanda, mikono kiunoni, akisema twende zetu Mikumi, na yeye hata bila kuinua uso akijibu kwamba Desemba ni mwezi wa sare za shule na nguo za sikukuu, labda mwakani. Alidhani ni maneno tu ya mtu anayepita. Wala hakuwahi kufikiri kwamba yule aliyesimama mlangoni alikuwa akisubiri jibu jingine.

Alikuwa amepanga kurudi Kilosa siku ileile. Ziada aliitazama miguu yake iliyovimba juu ya viatu, akamuuliza hospitali walimwambia nini. Anastazia akasema walimwambia apunguze chumvi, apumzike, ainue miguu. Na je, anainua? Anastazia alicheka, akauliza mtu anainuaje miguu na pedeli iko chini. Ziada hakucheka naye. Alileta beseni la maji ya uvuguvugu, akaliweka mbele yake, akaondoka kwenda kuswali bila kubishana.

Akalala kule, kwenye chumba alichokuwa akilala Devota. Kesho yake akataka kuosha vyombo, Ziada akamnyang'anya sponji. Akataka kufagia uwanja, akaonyeshwa kiti. Siku ya kwanza kukaa bure kulimchosha kuliko kushona. Mikono ilitafuta kitu cha kushika, akaishia kukunja na kukunjua pindo la khanga. Siku iliyofuata mikono ikatulia. Alikaa barazani akiangalia malori, akamfikiria dada yake bila haraka, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu msiba, maana msibani alikuwa jikoni na baada ya msiba alikuwa na nguo za watu.

Mchana ule Ziada alimletea sahani. Ulikuwa mseto wa choroko.

Anastazia alishtuka, kwani hakuwa amemtajia mtu yeyote hamu yake. Ziada akaeleza kwamba hicho ndicho chakula alichokuwa akikitaka Devota kila alipokuja, na hakukitaka kizuri. Alitaka kiungue chini kidogo na kisiwe na chumvi. Alikuwa na maelezo yake. Alisema walipokuwa wadogo Kimamba alishikwa na malaria kali, mama yao yuko shambani, na mdogo wake Anastazia, ambaye hata kichwa chake kilikuwa hakijafika kwenye dirisha la jiko, akampikia mseto. Chumvi aliisahau, choroko zikaungua. Akaubeba mpaka kitandani, akasimama pale akimwangalia dada yake mpaka alipomaliza.

"Aliniambia amepika maisha yake yote amesimama," Ziada alisema, "na hicho ndicho chakula pekee alichowahi kupikiwa na mtu anayemtazama yeye tu. Nimemuunguzia mseto miaka yote hiyo. Anaonja, anasema, asante Ziada, bado si ule."

Anastazia alikula. Polepole, mpaka ukoko. Akatafuta ndani ya kichwa chake siku ile ya malaria, jiko lile, sahani ile, na hakuona kitu. Alichokuwa nacho yeye ni Devota kwenye mafiga na kitabu mkononi, na mseto laini usio na dosari. Akamwambia Ziada ukweli, kwamba hakumbuki kabisa.

"Labda aliitunga," Ziada alisema. "Kazi yake ilikuwa kutunga."

"Labda," Anastazia alijibu, na ndipo machozi yalipomtoka, yale aliyokuwa hakuyalia vizuri mazishini. Ziada alimwacha alie. Alipomaliza alimpa maji ya kunawa uso, akamuuliza kama anataka kuongezewa.

Aliporudi Kilosa alikwenda moja kwa moja kwa Optatus. Njiani alikuwa amejiuliza sana kama ni halali kumwambia. Mtu amebaki na pilau ya mkewe kama kumbukumbu, unamwendeaje kumwambia kwamba aliyeipika hakuipenda? Lakini alifikiri pia kwamba Devota ameshanyamaziwa vya kutosha. Akamsimulia yote, ya nywele, ya mafuta ya nazi, ya meza ya barazani, na mwisho lile la jikoni.

Nje ilisikika honi ya treni ya mizigo ikiingia stesheni, na kwa mazoea yake ya zamani Optatus aligeuza sikio upande ule.

"Aliwahi kuniambia," alisema hatimaye. "Zamani, mtoto wa pili akiwa mchanga. Nilidhani amechoka siku ile tu."

Kesho yake alikwenda mwenyewe kwa Mwalimu Gabrieli akaomba maneno yabadilishwe. Picha haikubadilika, maana nyingine haikuwepo. Kijana mmoja wa studio aliikata ikabaki sura na mabega, Devota anacheka, na pembeni kabisa ya fremu ikabaki ncha ya kitu cha mti ambacho asiyejua hawezi kukitambua. Chini yake wakaandika jina lake, na chini ya jina neno moja: Mwandishi.

Siku ya kufungua chumba wanafunzi walikaa sakafuni, wazazi wakasimama kwenye madirisha. Mwalimu Gabrieli alimwomba Anastazia aseme machache juu ya dada yake. Anastazia alikuwa amejiandaa kukataa, lakini alipoona watu wameanza kutikisa vichwa kabla hata hajaanza, kama walivyotikisa mazishini, akaomba badala yake asome. Alitoa riwaya kwenye mkoba, nakala yake iliyochakaa, akafungua pale ambapo binti wa karani anapita jikoni kwa mara ya mwisho, sufuria liko motoni, na analiacha hapohapo litokote. Hakuwa msomaji mzuri. Alikwama, akarudia mistari, akaruka neno akalirudia. Lakini kwa miaka mingi alikuwa ameisikia sauti iliyoandika maneno yale, na mahali pa kupumzika alipajua. Alipofika mwisho wa ukurasa msichana mmoja aliuliza kama sufuria liliungua. Wenzake wakacheka, naye Anastazia akacheka pia, akamwambia kitabu kitakuwa pale rafuni.

Optatus alikuja kibandani jioni. Alisimama mlangoni akizungukazunguka na maneno, akauliza hali ya biashara, akauliza hali ya miguu. Kisha akasema kwamba nakala iliyokuwa nyumbani aliigawa mtu zamani, hakumbuki nani, na ukweli ni kwamba hakuwahi kuisoma. Mke wake aliandika, yeye alikuwa na zamu za reli. Akaomba aazimwe ile ya Anastazia kabla haijapelekwa shuleni.

Tangu hapo amekuwa akisoma polepole, kwa miwani iliyofungwa uzi upande mmoja. Siku nyingine ukurasa, siku nyingine nusu. Akikutana na jambo linalomtatiza anakuja kibandani kuuliza. Huyu karani mkali ni nani, si yule mzee wa Kimamba? Na huyu mwanamke anayeuza machungwa kwenye behewa? Anastazia anamjibu anachokijua, huku miguu yake iko juu ya kigoda kidogo alichokinunua kwa ajili hiyo, na kazi inasubiri. Wakati mwingine wanabishana. Optatus anaona binti alikosea kuondoka bila kuaga, angalau angemwachia baba yake neno. Anastazia anasema aliaga, aliaga miaka mingi, ila hakuna aliyeinua uso.

Juzi Optatus alifika mwisho. Alikuja asubuhi, kinyume na kawaida yake, akaweka kitabu juu ya meza ya kukatia nguo. Alitaka kujua yule binti alikwenda wapi, kwa sababu kitabu kinaishia kwenye jukwaa la stesheni na treni ambayo haisemwi inaelekea bara au pwani. Alikuwa amerudia kurasa za mwisho akidhani ameruka kitu. Anastazia alifungua mwenyewe, akasoma tena mistari ile aliyosomewa miaka mingi iliyopita akiwa amenyamazisha cherehani, na akatambua kwamba siku ile hakuuliza. Ilimpendeza tu, akaiacha hivyo, akiamini kwamba wakati wa kuuliza upo.

"Sijui, shemeji," alisema. "Hakuniambia."

Optatus aliketi juu ya marobota ya vitambaa. Wakakaa hivyo, wote wawili wakiwa na swali moja, na mtu wa kulijibu hayupo.